Busu la Mary Pickford: kiki ya mwaka 1927

Wadau, kuna watu wanadhani kiki zimeanza na wasanii wa Bongo Fleva. Wapi! Warusi walishazicheka tangu 1927, enzi za sinema bubu. Filamu inaitwa Busu la Mary Pickford, mwongozaji ni Sergei Komarov. Na kwa vile haina sauti, hata kompyuta uliyokalia ikiwa haina spika hukosi kitu.

Kwanza mjue Mary ni nani. Mzaliwa wa Toronto, Kanada, staa mkubwa wa Hollywood. Mumewe, Douglas Fairbanks, naye staa wa filamu za mapanga na kurukaruka. Mwaka 1926 wawili hao walitembelea Moscow, watu wakafurika kuwaona ile mbaya, na kamera za habari zikanasa. Komarov akazichukua picha hizo za kweli akazichomeka ndani ya hadithi ya kutunga. Ujanja huo!

Hadithi yenyewe: Goga Palkin (kaigiza Igor Ilyinsky) ni mkagua tiketi kwenye ukumbi wa sinema. Anampenda Dusya, ila Dusya kichwani mwake yupo Fairbanks tu, mtu asiye na jina hamtaki. Basi jamaa anajitosa studio kusaka ustaa, na huko ndiko Mary anapombusu shavuni. Tena siyo Mary wa kuigiza. Ni yeye mwenyewe, kambusu Ilyinsky kweli mbele ya kamera.

Hapo ndipo balaa linapoanza. Busu linaacha alama ya rangi ya mdomo, na alama hiyo ndiyo inamfanya Goga staa. Hajafanya lolote la maana, lakini watu wanamkimbiza, kila mmoja anataka japo amguse. Dusya naye ghafla anamwona mtu! (Huyu dada ananikera mpaka leo.)

Mimi nilichokipenda ni jinsi filamu inavyoonyesha kiki inavyofanya kazi. Mary kambusu, kaenda zake, hajapungukiwa kitu. Goga kipaji hakijaongezeka hata chembe. Kazi yote kaifanya umati, na umati huohuo unamnyima pumzi.

Halafu Komarov mwenyewe je? Anawacheka wanaobabaikia jina la Mary, wakati jina hilohilo kalibandika kwenye filamu yake auze tiketi, na Mary mwenyewe anaonekana kidogo tu. Mwisho wake siusemi, mtaniua.