Je, Mawimbi ya Wakati Yanaweza Kutudhuru?

Katika hadithi za kubuni zinazopendwa na vijana hutokea mara nyingi habari za mawimbi ya ajabu yanayovuruga wakati na kuangamiza kila kitu njiani. Katika riwaya iitwayo Time Storm, ya mwandishi Gordon R. Dickson, iliyotolewa mwaka 1977, kuta za ukungu hupita juu ya nchi, na kila zinapopita mambo ya zama moja hutoweka na ya zama nyingine hushika mahali pake. Mwanafunzi aliyesoma hadithi ya namna hii ana haki ya kumwuliza mwalimu wake: Je, kitu kama hicho kimo katika maumbile? Na kama kimo, kinaweza kutudhuru?

Swali la kwanza jibu lake ni ndiyo, kwa kiasi fulani. La pili linahitaji hesabu, nayo haimshindi mwanafunzi wa sekondari.

Wakati hupinda

Newton alifundisha kwamba wakati hupita sawasawa kwa watu wote na mahali pote. Mwaka 1915 Albert Einstein alionyesha vingine. Masi, yaani wingi wa maada, hupinda nafasi na wakati kwa pamoja. Karibu na masi kubwa saa huenda polepole zaidi. Hii si nadharia tupu. Saa zilizomo katika satelaiti za kuongozea njia, baada ya kuhesabu pia athari ya mwendo wake, hutangulia saa za ardhini kwa sehemu 38 hivi za milioni ya sekunde kila siku. Zisiporekebishwa, vipimo vya mahali vinavyoonyeshwa na simu zetu vingeharibika.

Mwaka 1916 Einstein aliongeza kwamba masi kubwa zikizungukana kwa kasi, kupinda huko husambaa kama viwimbi vinavyoachwa na ngalawa kwenye maji matulivu. Huenda kwa mwendo wa nuru, yaani kilomita 300,000 kwa sekunde. Haya ndiyo mawimbi ya mvutano. Yanapopita, kila kitu hurefushwa upande mmoja na kufupishwa upande wa pili, kisha kinyume chake.

Ushahidi

Mwaka 1974 Russell Hulse na Joseph Taylor, kwa kutumia darubini ya redio ya Arecibo, Puerto Rico, waligundua nyota mbili za nyutroni zinazozungukana kwa muda usiotimia saa 8. Vipimo vya miaka iliyofuata vilionyesha kwamba muda huo hupungua kwa sehemu 76 hivi za milioni ya sekunde kila mwaka. Nyota hizo zinapoteza nishati kwa kiasi kile kile kinachotakiwa na hesabu za Einstein.

Wimbi lenyewe lilinaswa tarehe 14 Septemba, 2015, na mitambo miwili ya LIGO huko Marekani, mmoja Louisiana na mwingine Washington. Mashimo meusi mawili, moja la masi 36 za Jua na jingine 29, yalikuwa yameungana na kuwa moja la masi 62. Msomaji atauliza: 36 na 29 si ni 65? Masi tatu zimekwenda wapi? Ziligeuka kuwa nishati ya mawimbi, katika muda usiofika sekunde moja.

Habari za mashimo meusi zinaigusa pwani yetu pia. Tarehe 12 Desemba, 1970, satelaiti iitwayo Uhuru ilirushwa kutoka jukwaa la San Marco, baharini karibu na Malindi, Kenya. Vipimo vyake vya eksirei kutoka Cygnus X-1 viliwasaidia wataalamu kulitambua shimo jeusi lililopo huko.

Hesabu ya hatari

Wimbi la mwaka 2015 lilisafiri miaka ya nuru bilioni 1.3 hivi. Lilipotufikia, liligeuza kila urefu kwa sehemu moja tu kati ya namba 1 ikifuatwa na sifuri 21. Kwa kipimo hicho, upana wa dunia nzima hubadilika kwa kadiri ya upana wa kiini cha atomu.

Tuseme sasa kwamba mashimo hayo yangeungana mahali lilipo Jua, kilomita milioni 150 kutoka hapa. Ukubwa wa wimbi huongezeka kadiri umbali unavyopungua. Umbali huu ni mdogo mara trilioni 80 hivi. Basi wimbi lingekuwa kubwa mara trilioni 80. Hata hivyo, mtu wa mita 1.75 angerefuka kwa sehemu moja ya milioni saba ya mita, yaani kitu chembamba kuliko unywele mara mia kadhaa. Asingesikia lolote. Cha kuogopwa hapo ni mvutano wa mashimo yenyewe, ambao ungeitoa dunia katika njia yake.

Kwa nini nishati nyingi hivyo isidhuru? Tulinganishe na bahari. Tarehe 26 Desemba, 2004, mawimbi ya tsunami yalivuka Bahari ya Hindi hadi Somalia, Kenya na Tanzania, yakaua watu. Yaliua kwa sababu nchi kavu iliyazuia, nayo yakaitua nishati yake pale pale. Wimbi la mvutano halizuiliwi na kitu. Hupenya milima, bahari na miili yetu, na karibu nishati yake yote huendelea na safari. Basi hatari ya wimbi haimo katika nishati linayobeba, bali katika nishati linayoiacha.

Waandishi wa hadithi, kwa hiyo, wamepata jambo moja na kukosa jingine. Wakati kweli hutikisika, lakini mtikisiko huo hauangamizi.

Zoezi kwa darasa

Mwezi uko umbali wa kilomita 384,000. Rudia hesabu ya hapo juu ukidhani kwamba mashimo meusi yameungana mahali ulipo Mwezi. Ukikosea kidogo usijali, lakini jibu lako liwe karibu na unene wa unywele mmoja.