Mwanafizikia Aliyeitengenezea Kenya Filamu

Wajukuu zangu wa Msambweni, sogeeni. Leo Sungura na Fisi wapumzike. Nitawasimulia kisa cha mtu wa kweli kabisa, aliyekwenda Marekani kusomea fizikia, akarudi akawa mwandishi wa habari, na alipokuwa mtu mzima akaitengenezea nchi yetu filamu ya siasa zake. Jina lake Hilary Ng'weno.

Alizaliwa Nairobi mwaka 1938, Waingereza wakiwa bado watawala. Akasoma shule ya Mang'u, kisha akavuka bahari hadi Chuo Kikuu cha Harvard, akamaliza mwaka 1961. Wakati ule Wakenya waliofika huko walikuwa wachache mno, na kijana mwenye fizikia mkononi hakosi kazi Ulaya wala Marekani. Yeye akarudi nyumbani, akaingia gazeti la Nation, akaanza kukimbizana na habari kama ripota yeyote. Mwaka 1964, akiwa bado kijana wa ishirini na kitu, akakabidhiwa kiti cha mhariri mkuu, Mwafrika wa kwanza kukikalia katika gazeti lile. Mhariri mkuu ndiye anayeamua lipi lichapwe na lipi libaki mezani, na mkubwa fulani akikasirika, simu inalia kwake. Ng'weno hakukaa sana. Mwaka uliofuata akaondoka.

Mwaka 1973 akaanzisha jarida la kuchekesha pamoja na mchoraji wa vibonzo Terry Hirst. Waliliita Joe, na Joe mwenyewe alikuwa mtu wa kawaida wa mjini, mwenye mshahara mdogo na matatizo makubwa. Nalitaja kwa sababu watu hudhani anayeandika siasa ni lazima anune. La hasha. Mtu asiyejua kucheka hawezi kuwaelewa wanasiasa.

Sasa tegeni masikio, maana hapa ndipo penye uzito. Februari 1975 Ng'weno alitoa toleo la kwanza la jarida la The Weekly Review, la siasa tupu, kila wiki. Muda mfupi tu baadaye, mwezi Machi, mbunge aliyependwa sana na wanyonge, J.M. Kariuki, alitoweka. Maiti yake ilipatikana katika vilima vya Ngong. Nchi nzima ikashikwa na hofu, watu wakinong'onezana barabarani. Bunge likaunda kamati ya kuchunguza. Na jarida hilo changa, ambalo hata meno halijaota, likawa ndilo linalotafutwa na kila aliyetaka kujua nani alisema nini, lini, na mbele ya nani.

Kila wiki wahariri wa jarida lile walilazimika kuyapanga mambo kwa utaratibu: tarehe, majina, kauli ya bungeni, jibu la waziri. Wiki baada ya wiki, kwa zaidi ya miaka ishirini. Mimi naamini filamu yake ilianzia pale, ingawa kamera ilikuwa bado haijaingia. Filamu ya siasa haianzi kwa kamera. Huanza kwa mtu aliyekuwa akiandika tarehe wakati wengine wanasahau.

Msidhani mambo yalimnyookea. Gazeti haliishi kwa pesa za wasomaji peke yake. Linaishi kwa matangazo, yale ya sabuni, benki na magari. Mwenye kiwanda akiogopa kuonekana upande wa gazeti lisilopendwa na wakubwa, huondoa tangazo lake kimyakimya. Mwaka 1977 Ng'weno alianzisha gazeti jingine, Nairobi Times. Pesa zikamwelemea, na mwaka 1983 akaliuza kwa KANU, chama kilichokuwa kikitawala. Chama kikaligeuza kuwa Kenya Times. Yaani gazeti lililoanzishwa na mtu huru likawa mdomo wa chama! Hapo mtu hucheka au hulia, shauri yake.

The Weekly Review lenyewe liliendelea hadi mwaka 1999. Wapo waliolilaumu kwamba miaka ya serikali ya Rais Moi lilipunguza makali, likawa linapima maneno mno. Sisemi lawama hiyo ni ya uongo. Lakini miaka ile wahariri walikamatwa na majarida yakapigwa marufuku, na lake likawa bado linatoka. Mkikua mtaamua wenyewe kama alipima sawasawa.

Katika miaka ya 1990 aliingia runingani, akaanzisha kituo cha STV. Kisha ikaja kazi ninayotaka muikumbuke: The Making of a Nation, mfululizo wa vipindi juu ya siasa za Kenya kwa miaka 50, tangu 1957 hadi 2007, vilivyoonyeshwa na kituo cha runinga cha NTV. Baadaye akaongeza mfululizo mwingine, Makers of a Nation, wa maisha ya watu mmoja mmoja waliotajwa katika historia hiyo.

Mtauliza, mtu wa leo anapigaje picha ya mwaka 1957? Hapigi. Anaitafuta. Anakwenda kwenye makabati ya vituo vya runinga na maktaba, anafungua makopo ya filamu za zamani, anatazama saa nyingi apate sekunde chache za mtu akishuka kwenye ndege au akihutubia umati. Kisha anawahoji wazee walio hai, anayalinganisha maneno yao na magazeti ya siku zile, kwa sababu mzee naye husahau, na wengine hujipamba. Mwisho anaandika maneno ya msimulizi, yaliyo machache kuliko mnavyodhani.

Lakini filamu kama hiyo huonyesha tu kile kilichopigwa picha. Kamera za zamani zilikaa Nairobi, kwenye Bunge na uwanja wa ndege. Ni mara ngapi zilivuka kivuko cha Likoni zikaja huku kwetu? Wamakonde, kwa mfano. Mababu zao walitoka Msumbiji wakaja kufanya kazi kwenye mashamba ya mkonge na ya miwa ya Ramisi. Walizaa, wakazeeka, wakazikwa hapa hapa Kwale, bila vitambulisho, bila uraia. Kisa chao kilikuwa cha siasa tangu mwanzo, ila miaka mingi hakikuwa na picha. Oktoba 2016 wakaamua kutembea kwa miguu kutoka Kwale hadi Nairobi kumwona Rais. Safari hii kamera zilikuwepo barabarani, na za simu pia. Rais Uhuru Kenyatta akaagiza wapewe vitambulisho, na mwaka 2017 wakatambuliwa kuwa kabila la 43 la Kenya.

Kuna jambo jingine linalonifurahisha. Binti mmoja wa Ng'weno, Bettina, alipokuwa msomi alikuja huku Kwale kuchunguza jinsi Wadigo wanavyorithi ardhi na kuigombania, mjomba huku, baba kule, na sheria ya dini katikati. Mambo ambayo nyinyi mnayasikia vikaoni kila mwaka, yeye aliyaandika yakachapishwa mwaka 1997. Baba alifuata siasa za Bunge. Binti alifuata siasa za shamba la minazi.

Ng'weno alifariki Julai 2021, akiwa na miaka 83. Vipindi vyake bado vinatafutwa na kutazamwa. Mkivipata, anzeni na mwaka 1957, Waafrika wanane walipochaguliwa kuingia katika baraza la kutunga sheria. Kati yao mtafuteni Ronald Ngala, aliyechaguliwa kutoka Pwani. Kisha fikeni 1963, mkumbuke kwamba Diani na Msambweni zilikuwa ndani ya ule ukanda wa maili kumi, mali ya Sultani wa Zanzibar kwa jina, hadi Jomo Kenyatta na Waziri Mkuu wa Zanzibar, Muhammad Shamte, walipokubaliana Oktoba mwaka huo uwe sehemu ya Kenya. Mkifika hapo simamisheni kipindi, mje mniulize babu zenu walikuwa upande gani. Nitawaambia, na wengine hamtapenda jibu.