Saa Nane ya Nani?

Wahenga walinena kwamba wakati ni ukuta, ukipigana nao utaumia mwenyewe. Nimeutafakari msemo huu tangu likizo iliyopita, nilipokwenda nyumbani Awasi, kwenye barabara kuu itokayo Kisumu kuelekea Kericho. Alinijia mama mmoja jirani yetu, mjukuu mgongoni, akanionyesha kadi aliyopewa katika zahanati moja. Palikuwa pameandikwa "8.00". Mama huyo alikuwa amefika huko saa nane mchana, akaambiwa kuwa daktari, ambaye huja mara moja tu kwa juma, amekwisha kuondoka.

"Mwanangu," akaniuliza, "si hapa pameandikwa saa nane?"

Sikuwa na jibu la kumfaa. Mtoto alipona, lakini baada ya juma zima la homa. Tangu siku hiyo nimekuwa nikijiuliza ni nani hasa aliyekosea.

Vijana ninaowafundisha isimu hupenda hadithi za kubuni, na katika hadithi hizo aghalabu hamkosi chama cha siri cha mabingwa wanaouchunguza wakati na kuugeuza watakavyo. Mimi huwaambia kwamba chama hicho kipo, wala hakina siri yoyote. Mjini London, mafundi wa saa walipewa hati ya mfalme ya kuunda chama chao mwaka 1631. Mwaka 1884, wajumbe wa nchi 25 walikutana Washington, wakaichagua longitudo ya Greenwich kuwa mwanzo wa kuhesabia. Kutoka bara la Afrika ilikuwapo Liberia peke yake. Kati ya 1972 na 2016, wataalamu waliongeza sekunde 27 katika saa ya dunia ili isiachane na mzunguko wa ardhi. Na mwaka 2022 wakapatana kuiacha desturi hiyo ifikapo 2035.

Hata hapa kwetu mabingwa hao wamepita. Hadi 1928, saa ya Kenya ilikuwa mbele ya ile ya Greenwich kwa saa mbili na nusu. Mwaka huo serikali ya kikoloni ikaisogeza iwe mbele kwa saa tatu kamili. Mwaka 1930 ikairudisha palepale. Mwaka 1937 ikaifanya saa mbili na dakika 45, na mwaka 1942 ikarejea kwenye saa tatu, ambazo ndizo tunazozifuata hadi leo. Saa ilihamishwa mara nne katika muda wa miaka 14, na jua halikuulizwa hata mara moja.

Lau lingeulizwa, lingesema nini? Saa tatu mbele ya Greenwich ni wakati wa longitudo ya 45, ipitayo karibu na Mogadishu. Awasi iko karibu na longitudo ya 35. Maadamu dunia huzunguka digrii moja kila dakika nne, jua la Awasi liko nyuma ya saa zetu kwa dakika 40 hivi. Mwalimu anayetilia shaka na achomeke kijiti uwanjani, wanafunzi wapime kivuli. Wataona kwamba kivuli kifupi kuliko vyote hakitokei saa sita kamili, bali karibu na saa saba kasorobo, kwa tofauti ya dakika chache kutegemea mwezi.

Ni dhahiri basi kwamba saa si amri ya maumbile. Ni mapatano ya watu, na kila lugha ina mapatano yake. Mwalimu wa Awasi anapoita majina katika daftari la mahudhurio, huwa anasoma saa ya kale asiyoifikiria: Akinyi wa asubuhi, Onyango wa jua linalopanda, Achieng' wa jua kali, Odhiambo wa jioni, Atieno wa usiku. Waswahili nao waliianza hesabu pale mchana unapoanza, ndipo ikawa saa moja asubuhi ni saa ya kwanza ya mchana. Hesabu hiyo ina mantiki kamili katika nchi za Ikweta, ambako mchana na usiku hukaribia kulingana mwaka mzima. Huko Ulaya, ambako jua la Desemba na la Juni hupishana kwa saa nyingi, isingefaa.

Ilhali shuleni mambo huwa kinyume. Nilipokuwa mwanafunzi nilichapwa viboko kwa kuandika tarakimu ya 2 pale ambapo mwalimu alitaka 8. Hakuna aliyenieleza kwamba nilikuwa kati ya hesabu mbili, zote halali, zinazotofautiana kwa saa sita. Niliambiwa tu kwamba nimekosa. Hapana shaka aliyeandika kadi ya yule mama alisoma katika darasa kama langu. Alifundishwa kwamba hesabu ya nyumbani ni kosa, akasahau kwamba wagonjwa wake huishi kwa hesabu hiyo.

Naomba mambo mawili. Walimu wa Kiswahili na wa hisabati wazifundishe hesabu hizi mbili pamoja, kama elimu na si kama adhabu, na wanafunzi wajizoeze kutoka katika moja kuingia katika nyingine. Pili, kila anayeandikia umma, awe wa zahanati, wa shule au wa ofisi ya chifu, aandike kwa maneno: saa mbili asubuhi. Ni maneno matatu tu, na hayagharimu chochote zaidi ya wino.

Wakati ni ukuta, ndiyo. Lakini ukuta huu umejengwa na watu, nasi tuna wajibu wa kuwaonyesha wenzetu mlango ulipo.