Je, Wajua? "Koni" ya Mvinje Si Koni

Vile vidude vigumu vinavyochoma nyayo chini ya mivinje ya ufuo wa Malindi si koni hata kidogo. Mvinje hutoa maua. Kila kidude ni kishada cha matunda madogo yaliyoshikana, kila tunda na ubawa wake. Koni ya kweli haitokani na ua. Itafute ndani ya msitu wa Arabuko-Sokoke, kwenye sikadi iitwayo Encephalartos hildebrandtii, mmea wenye sura ya mnazi mfupi. Wanasayansi huiita koni hiyo strobilasi, kutokana na neno la Kigiriki lenye maana mbili: tunda la msonobari, na "pia", kile kichezeo cha watoto kinachozungushwa kwa kamba. Ndiyo maana naona neno letu "pia" latosha kabisa badala ya "koni". Hisabati tayari hulitumia kwa umbo la koni. Utasema linachanganya, kwani lina maana ya "vilevile". Mbona "kaa" ni mnyama, ni kitendo, ni kipande cha moto, wala hatupotei? Hata vipepeo wanaofugwa Gede wanalihitaji: jicho lao lina maelfu ya lenzi ndogo, na chini ya kila lenzi mna pia angavu ipitishayo mwanga.