Ulimi wa fedha: neno na ukweli katika msimu wa saba wa The Simpsons

Katika makala hii tunakusudia kuutazama upya msimu wa saba wa The Simpsons, tamthilia ya katuni ya Marekani iliyobuniwa na Matt Groening. Msimu huo wenye vipindi 25 ulionyeshwa na televisheni ya Fox tangu tarehe 17 Septemba 1995 hadi 19 Mei 1996, chini ya uongozi wa Bill Oakley na Josh Weinstein. Msomaji wetu aliyeutazama kwa Kifaransa anajua kwamba Ufaransa na Quebec kila moja ilitafsiri kivyake. Jambo hilo si dogo kwetu, maana kipindi tutakachokieleza kinasimama juu ya maneno mawili yanayomtesa mfasiri yeyote.

Tukumbushe kwanza kwamba tashtiti ya msimu huu ilikuwa na shabaha nyingi. Mnamo Januari 1996 ilimhamishia rais mstaafu George Bush mtaani kwa akina Simpson, yeye aliyekuwa amewataja mwaka 1992 kuwa mfano mbaya kwa familia za Marekani. Mnamo Mei 1996 ikaonyesha mji wa Springfield ukitishwa na dubu mmoja: watu wakadai ulinzi, ulinzi ukaleta kodi, na meya akawasingizia wahamiaji. Hapo ilikejeliwa kura iliyopigwa California mwaka 1994 dhidi ya wahamiaji wasio na vibali.

Lakini kwa mwanaisimu, kipindi cha kukaa nacho ni "Lisa the Iconoclast", kilichoandikwa na Jonathan Collier na kuonyeshwa tarehe 18 Februari 1996. Springfield inaadhimisha miaka 200 tangu kuasisiwa na shujaa wake, Jebediah Springfield. Lisa, msichana wa miaka minane, anagundua ndani ya filimbi ya kale ungamo la shujaa huyo: alikuwa haramia aitwaye Hans Sprungfeld, aliyejaribu kumwua George Washington, na mdomoni mwake alikuwa na ulimi wa fedha. Lisa anaandika insha. Mwalimu wake, Bi Hoover, anampa alama ya F.

Sasa tuyatazame maneno. Kauli mbiu ya mji, inayonasibishwa na Jebediah, ina kitenzi "embiggen". Mwalimu mmoja anasema hakupata kulisikia neno hilo kabla ya kuhamia Springfield. Bi Hoover anashangaa, akajibu kwamba ni neno "cromulent" kabisa. Yaani neno la kubuni linatetewa kwa neno jingine la kubuni! La kwanza lilitungwa na Dan Greaney, la pili na David X. Cohen. La pili halina mzizi unaojulikana. Muktadha peke yake ndio unaotuambia kwamba maana yake ni kama "halali" au "linalofaa".

La kwanza lina sarufi timamu. Kama vile "bold" huzaa "embolden", ndivyo "big" ilivyozaa "embiggen", kwa kiambishi awali na kiambishi tamati vilevile. Linakosa kibali kwa sababu tu kuna vitenzi vingine vilivyokwisha kukalia kiti chake. Kiswahili nacho kina jambo kama hilo. Tunasema fupi na fupisha, refu na refusha, safi na safisha. Lakini kubwa haikutupa kubwisha, kwa kuwa kuza, iliyonyambuliwa kutoka kua, imetangulia. Ningepewa kazi ya kuifasiri kauli mbiu ile, ningeandika "kubwisha" bila haya. "Kuza" ingekuwa sahihi, na mzaha wote ungekufa.

Baadaye maneno hayo yalitoka katika katuni. "Embiggen" lilitumiwa katika makala ya fizikia ya nadharia mwaka 2007, na mwaka 2018 likaingia katika kamusi ya Merriam-Webster. Hata hivyo watunzi hawakuwa wa kwanza: jarida la Uingereza, Notes and Queries, lilikuwa limelichapa mwaka 1884, kama mfano wa neno baya.

Hapa ndipo kipindi kinapotutega. Siku ya sherehe Lisa anashika kipaza sauti, anaona nyuso zenye furaha, na anaificha siri yake. Hadithi ya uongo, anadhani, imewatendea watu wema. Watazamaji wengi huupenda mwisho huo. Sisi hatukubaliani nao. Neno lililobuniwa huweza kuwa neno la kweli, kwa sababu neno ni mapatano ya wasemaji. Tendo lililokwisha kutendwa halipigiwi kura. Tena tusimlaumu mtoto kabla ya kumtazama Hollis Hurlbut, mtunza makumbusho ya mji, mtu mwenye elimu. Kaburi lilipofukuliwa, yeye ndiye aliyeuiba ule ulimi wa fedha asije akaumbuliwa shujaa aliyempa kazi na heshima. Baadaye alikiri. Lakini mtu mzima aliyelipwa kulinda ushahidi ndiye aliyeuficha, na mwalimu aliyelihalalisha neno la uongo ndiye aliyeikataa insha ya kweli.

Nilipokieleza kipindi hiki darasani, wanafunzi walicheka kwa Bi Hoover. Kwa Hurlbut walinyamaza, kisha mmoja akauliza insha ya Lisa ingepata alama ngapi kwetu.