Murera: Pesa Yako Inunue Lenzi au Inunue Giza?

Anayekaa Murera, hapa kati ya Ruiru na Juja, yuko digrii moja hivi kusini mwa ikweta, na anga lililo juu yake wataalamu wawili wakubwa wa nyota wa karne ya 18 waligawana nusu kwa nusu. Charles Messier alikuwa Paris akiwinda nyotamkia. Kila alipokutana na kiwingu kisichosogea, alikiandika ili kisimpotezee tena muda. Orodha yake iliyotoka 1774 ilikuwa na vitu 45, na cha mwisho ni Kilimia chetu. Ile ya 1781 ilifika 103. Nicolas-Louis de Lacaille naye alikwenda Rasi ya Tumaini Jema mwaka 1751, akaorodhesha mafungu ya nyota na mawingu 42 ya anga la kusini. Messier hakupata kuliona fungu la Omega Centauri kwa sababu kule Paris halichomozi. Lacaille akiwa Rasi hakuiona galaksi ya M81 (M ni ya Messier) kwa sababu ile ile. Murera vyote viwili vinachomoza.

Kwa hiyo anayetaka kununua chombo cha kutazamia nyota hapa kwetu ana utajiri wa vitu vya kutazama. Shida yake ni mwanga. Kusini-magharibi kuna Nairobi, kaskazini-mashariki Thika, katikati inapita barabara kuu yenye taa, na kwenye soko na kona za mitaa zimesimamishwa mulika mwizi. Taa hizo zina kazi yake na sitaki zizimwe. Watu wanarudi kazini usiku. Lakini mnunuzi azihesabu kabla hajatoa pesa.

Chaguo la kwanza ni bure. Panda juu ya flati pale panapoanikwa nguo, kaa gizani dakika 20 bila kuangalia simu, utaona Kilimia na utazihesabu nyota zake sita hivi. Kusini mwa zile nyota tatu za Orioni zilizojipanga mstari utaona doa lenye ukungu: hiyo ndiyo M42, nebula ambamo nyota zinazaliwa. Kwetu inapita karibu utosini, mahali ambapo mng'ao wa miji ni hafifu zaidi. Paris haipandi hata nusu ya anga.

La pili ni binokula ya 7x50 au 10x50, yaani inayokuza mara 7 au 10 kwa lenzi za milimita 50. Katika maduka ya nje ya nchi, nzuri ya kuanzia huuzwa dola 40 hadi 120, yaani kama shilingi 5,000 hadi 15,500, kabla ya usafirishaji, ushuru wa forodha, ada za kuingiza mzigo na VAT ya asilimia 16. Watu huidharau kwa sababu haifanani na darubini ya kwenye picha. Basi walinganishe na Lacaille: sehemu kubwa ya kazi yake aliifanya kwa kidarubini chenye lenzi ya nusu inchi, milimita 13 hivi, kinachokuza mara nane tu. Lenzi moja ya milimita 50 inakusanya nuru karibu mara 15 ya ile yake, na binokula ina mbili. Kwa mafungu ya nyota kama M7 kwenye mkia wa Nge, sioni chombo kingine cha bei hiyo kinachoikaribia.

Ukiwa dukani, ishike mbali na uso kama urefu wa mkono, uielekeze penye mwanga, kisha utazame vile viduara viwili vya nuru kwenye lenzi za upande wa jicho. Viwe mviringo kamili. Vikiwa na kona kama vya mraba, kioo cha ndani ni hafifu. Halafu tazama kibao cha mbali. Ukiona maandishi mawili mawili, irudishe kwenye kaunta. Zile zenye lenzi nyekundu kama kioo cha taa ya breki ziache, na zile za kubadilisha ukuzaji ziache pia.

Chaguo la tatu ndilo linalokula pesa za wengi: darubini ya lenzi ya milimita 60 au 70, yenye kisimamio chembamba na boksi linalotangaza ukuzaji wa mara 525. Nje huuzwa dola 80 hadi 150. Kipimo cha kweli ni mara mbili ya milimita za lenzi, kwa hiyo milimita 70 inaishia 140, na hapo ni usiku mtulivu. Mwezi na pete za Zohali utaviona. Ila ukigusa kirekebishio kidogo tu, nyota inaruka nje ya kioo, na mtoto aliyesubiri zamu yake anaona weusi.

Aliye na shilingi 40,000 hadi 60,000 atafute darubini ya kioo kinachoakisi badala ya lenzi, ya milimita 130 au 150, inayokaa kwenye kitako cha mbao kinachozunguka. Messier alipendelea darubini ya kioo cha inchi 7.5, lakini kioo cha enzi yake kilikuwa cha madini yanayomeza nuru nyingi, kwa hiyo ilikaribiana na lenzi ya leo ya milimita 90. Hii ya milimita 150 inampita kwa mbali. Fungu la M13, kwa mfano, halibaki kiwingu tena. Nyota zake zinaanza kutengana.

Ila kuna jambo wauzaji hawalitaji. Kioo kikubwa husaidia mafungu ya nyota hata mjini, kwa sababu kila nyota ni nukta kali. Galaksi ni ukungu mpana, na kioo kinapoikuza kinaukuza na mng'ao wa mji pamoja nayo. Galaksi ya M83, ambayo Lacaille aliigundua mwaka 1752, inapanda Murera hadi theluthi mbili ya njia kuelekea utosini, na bado mwanga unaimeza. Kwa galaksi, binokula kwenye giza la Samburu ina faida zaidi kuliko kioo cha shilingi 60,000 juu ya flati. Ndiyo maana mimi ningenunua binokula, pesa iliyobaki ikawa nauli ya kwenda na wenzangu mbali na taa. Asiyetaka kununua chochote kwanza ajiunge na safari za The Travelling Telescope, ya Susan Murabana na mumewe Chu Owen, apime jicho lake kwenye darubini ya wengine.

Nunua kabla ya Januari. Mvua za vuli zinakuwa zimepita, masika bado, na kuanzia Juni hapa Kiambu hufunikwa na mawingu ya baridi hadi Agosti. Katikati ya Februari, saa nane za usiku, Omega Centauri iko kusini-mashariki, mbali na mng'ao wa Nairobi, na kwenye binokula ya 10x50 ni mviringo wa ukungu usiofanana na nyota yoyote iliyo jirani yake.