Mfupa wa Ishango: chale zinazozungumza baada ya miaka 20,000

Katika makumbusho ya sayansi asilia mjini Brussels, Ubelgiji, umehifadhiwa mfupa mwembamba wa hudhurungi, wenye urefu wa takriban sentimita 10 na kipande cha jiwe gumu kilichopachikwa nchani. Asili yake si Ulaya. Ulichimbuliwa mwaka 1950 na mtafiti wa Kibelgiji, Jean de Heinzelin, huko Ishango, mashariki mwa Kongo, pale mto Semliki unapotoka katika Ziwa Edward.

Kilichoupa umaarufu ni chale zilizokatwa kwa makundi katika safu tatu. Safu moja ina chale 11, 13, 17 na 19. Nyingine 11, 21, 19 na 9. Kila moja ya safu hizo mbili, ikijumlishwa, inatoa 60. Ya tatu inatoa 48, na ndani yake chale 3 zinafuatwa na 6, kisha 4 na 8, kana kwamba mchongaji alikuwa akizidisha kwa mbili. De Heinzelin aliona humo mchezo wa hesabu. Mmarekani Alexander Marshack, aliyeuchunguza kwa hadubini, aliona kumbukumbu ya miandamo ya mwezi. Wapo pia wanaosema chale hizo zilisaidia tu mkono usiteleze.

Mfupa peke yake ni bubu. Husemeshwa na vitu vilivyozikwa pamoja nao: chusa za mifupa zenye meno, mabaki ya samaki na mifupa ya binadamu. Hivyo ndivyo inavyojulikana kwamba kando ya ziwa hilo, yapata miaka 20,000 iliyopita, iliishi jamii ya wavuvi wenye zana za ustadi. Ushahidi huo ni imara kuliko hesabu yoyote inayosomwa katika chale, ingawa haupigiwi makofi sana.

Kinshasa ilifungua Makumbusho ya Taifa mwaka 2019, na mwaka 2022 Mfalme Philippe wa Ubelgiji alikabidhi huko kinyago cha Kakuungu cha Wasuku, kwa mkopo usio na kikomo. Mfupa wa Ishango umebaki Brussels. Mwanafunzi wa Beni, mji usio mbali na mto Semliki, huufahamu kwa picha, iwapo kitabu chake kinayo.